Kaktusi ya Madame Iliyohamishwa Wakati wa Mvua

Miaka ile ya mwisho ya Wabelgiji nilikuwa mtunza bustani katika nyumba moja ya Wazungu kule Nyalukemba. Kazi ya maua niliijulia kwenye misheni ya Katana, kwa sista mmoja mzee aliyepanda kaktusi kati ya mawe. Yeye ndiye aliyenifundisha kwamba kaktusi haihamishwi ikiwa imeshiba maji. Unangoja kiangazi. Unaacha udongo ukauke mpaka ujibandue wenyewe kwenye chungu, unaishika kwa gunia lililokunjwa ili miiba isikuingie, unakata mizizi mibovu, kisha unailaza kivulini siku kadhaa vidonda vikauke. Unaipanda kwenye kokoto na mchanga mwingi, na kwa juma zima huigusi na tone la maji.

Madame alikuwa na kaktusi moja iliyonizidi kimo. Mizizi ilikuwa imepasua chungu chake. Ulikuwa mwezi wa kumi na moja, mvua inanyesha kila alasiri, na yeye alikuwa ameita wageni. Akataka kaktusi isimame barazani ndani ya chungu kipya cha buluu.

"Madame, tungoje mwezi wa sita," nikamwambia. "Sasa iko na maji mingi ndani. Tukiitosha kwenye chungu leo, itaoza."

"Weye ndiye utanifundisha maua? Itoshe."

Nikaitoa. Mizizi ilikatika mikononi mwangu kama mihogo iliyolowekwa, ikitoa ute. Nilitaka kuiweka kivulini, akakataa. Akaamuru samadi mbichi ya ng'ombe, udongo mweusi, na ndoo ya maji kila asubuhi. Asubuhi zote nilimwaga ile ndoo nikijua ninachofanya. Nilisema "Ndiyo, Madame," na maneno hayo yalinikaa kinywani kama mate ya mtu mwingine.

Baada ya siku kumi shina lilianza kugeuka rangi ya kahawia pale chini. Ukiligusa, kidole kinazama. Mpishi, Murega mmoja wa Mwenga aliyenizidi umri, alipita na sinia akaziba pua.

"Papa, hii kitu imekufa."

"Nilimwambia."

"Basi nyamaza. Ataona yeye mwenyewe."

Akaona Jumapili. Wageni walikuwa mezani barazani, wanakula samaki, na mimi nilikuwa nimesimama kando kwa sababu Madame alitaka wamwone mtu wa bustani yake. Kaktusi ikainama polepole, kama mlevi anayetafuta ukuta, kisha ikakatika chini na kuanguka kando ya meza. Shina likapasuka. Likatoka jimaji zito la rangi ya usaha, na ndani yake funza weupe wanajinyonganyonga. Lilirukia viatu vya bwana mmoja na pindo la kitambaa cha meza. Mwanamke mmoja alitapika kwenye leso yake.

"Tosha! Na mikono! Haraka!" Madame akapiga kelele.

Nikapiga magoti. Nilichota uozo ule kwa viganja, miiba ikinichoma, funza wakipanda mpaka kwenye viwiko. Harufu ilikuwa ya nyama iliyosahaulika juani. Nilipoinuka na ndoo, Madame aliingia ndani akarudi na chupa ya manukato. Akaninyunyizia mimi. Mikono, shati, shingo, mbele ya wote, uso wake ameugeuza pembeni. Chungu hakukinyunyizia, wala sakafu. Akawaambia wageni kwa Kifaransa, akidhani sisikii, kwamba watu hawa wanaozesha kila wanachoshika.

Wakacheka. Hata yule wa leso alicheka.

Nilikwenda nyuma ya jikoni, nikatapika, kwa sababu ya manukato yale zaidi ya funza. Kisha nikachukua kisu. Ncha ya kaktusi ilikuwa bado nzima. Nikaikata mpaka pale nyama ilipokuwa ya kijani safi, bila hata doa, nikaining'iniza kwenye stoo ya majembe. Kidonda kilikauka kikawa kigumu kama ngozi. Mwezi wa sita ulipofika nikaipanda kwenye chungu cha mchanga na kokoto, nikaiacha bila maji. Ikatoa mizizi. Mwezi wa nane ikachomoza chipukizi dogo.

Madame aliita wageni tena. Akawapeleka bustanini, akaweka mkono juu ya chungu.

"Hii ni mimi nimeiponyesha," akawaambia. "Mwenyewe."

Nilikuwa hatua mbili kutoka kwake. Alinitazama bila kupepesa, kama anayetazama ukuta. Hapo nilichukia hata jinsi alivyopumua.

Kesho yake nilimwambia naacha kazi. Akauliza kwa nini. Nilikuwa nimeyapanga maneno njia nzima kutoka nyumbani kwangu Cimpunda, lakini nikasema, "Bibi yangu iko mugonjwa, Madame."

Mke wangu alikuwa mzima, yuko uani anachambua maharage. Nilipomsimulia alicheka, halafu akaacha kucheka.

"Haukumwambia ukweli?"

"Sikumwambia."

Alirudi kwenye maharage yake. Mimi nikakaa mlangoni, na mtu aliyenichefua zaidi siku ile hakuwa Madame.