Khanga ya Safu ya Juu

Mshona maleba wa chuo amestaafu, lakini jioni bado hupanda hadi safu ya juu ya ukumbi wa wazi, akipapasa ngazi za mawe kwa vidole vilivyokakamaa kwa sindano. Enzi za mazoezi alikaa hapo hapo. Upepo wa ziwa ukimeza maneno ya mwigizaji, alipunga khanga, na mwigizaji akaanza upya.

Jana mhandisi, ambaye enzi hizo alishonewa naye joho la mfalme, alisimama jukwaani kuwatangazia wanafunzi kwamba ukumbi utavunjwa, pawe maegesho ya magari. Mama mshonaji, kule juu, alisikia kila neno. Akapunga khanga.

“Haijafika huku, mwanangu!”

“Samahani, mama.” Mhandisi akakohoa, akaanza upya. Alipofikia maegesho, khanga ilikuwa juu tena.