Suria Kwenye Televisheni ya Bosi

Mvua ilitufungia Xintang, katika kiwanda kidogo cha jinzi, mwishoni mwa miaka ya tisini. Ilikuwa safari yangu ya kwanza China. Bosi wa kiwanda, laobani kwa Kichina, asije akapoteza wateja, akatuwekea filamu: mapenzi, nyimbo tele, na suria anayepanda cheo katika jumba la mfalme. Tulikuwa watatu: mimi, mume wangu, na binti wa Morogoro aliyekuwa akisoma udaktari Guangzhou, akitutafsiria siku asizokuwa na vipindi.

"Alianza kwa kumimina chai," binti akaeleza. "Sasa mfalme haongei na mtu mpaka yeye awepo."

Mume wangu naye alikuwa haongei na mtu mpaka binti huyu awepo! Malkia akaimba wimbo mrefu, machozi yakimtiririka. Nikauliza anasema nini.

"Analalamika tu, mama."

Tu! Suria hata akikohoa tunatafsiriwa. Na njia yake naijua mimi, maana niliingia Kariakoo kama muuzaji wa duka la bi mkubwa, mpole, sina neno, nikaishia kuwa mke mwenzake.

Ndipo nikaona. Binti alimjazia mume wangu chai, naye, macho kwenye filamu, akagonga meza taratibu kwa vidole viwili. Baadaye tena. Wanapeana ishara, tena mbele yangu!

Tulipotoka nikamvuta binti pembeni. "Kesho usije. Wala kesho kutwa."

"Nimekosa nini, mama?"

"Unajua mwenyewe."

Akaenda zake kituo cha basi bila kuaga.

Kesho yake tulirudi wawili, tukiongea kwa kalkuleta na mikono. Birika nikalishika mimi. Nikammiminia bosi, akagonga meza kwa vidole viwili. Nikammiminia mama yake, bibi kizee asiye na jino hata moja; naye akagonga.

"Wana nini hawa?" nikamwuliza mume wangu.

"Laobani na mama yake wanakushukuru. Huku ukimiminiwa chai, kugonga meza ndiyo desturi. Kwani jana hukuniona?"

Nilimwona. Aibu ilinichoma, nikashindwa hata kuketi. Nilimtafuta binti, sikumpata tena; hosteli ya chuo chake walisema ameacha vibarua vya kutafsiri.

Bi mkubwa alinishuku tangu mwezi wangu wa kwanza dukani, na alishuku kweli. Siku moja, baada ya safari hiyo, nilimwuliza mbona hakunifukuza.

"Niliogopa kumdhulumu mtoto wa watu," akasema.