Nyani Tuliyemfundisha Kuwafukuza Wenzake

Bwana Mhariri, nanyi wasomaji wa ukurasa huu, niwieni radhi kwa kuwachosha na habari za mnyama. Mimi ni mgane, umri wangu umepita miaka sabini. Nilisomeshwa na wamisheni zamani za Wajerumani, na sasa, chini ya Mwingereza, nalima mpunga huku delta ya Rufiji. Jina langu naomba lifichwe, kwa kuwa majirani zangu husomeana gazeti hili.

Msimu mmoja wa kulinda mpunga, jirani yangu alimwua nyani jike, akamtundika mtini ukingoni mwa shamba ili wenzake waogope, kama ilivyo desturi yetu. Mtoto wake alikuwa angali amemng'ang'ania kifuani. Marehemu mke wangu alimbandua, akamlea kwa uji wa mchele, akamwita Sudi. Tulilala naye dunguni, kibanda kile cha juu ya nguzo tunamokaa hadi mavuno.

Kisha tukafanya jambo ambalo wakati ule tuliliona la akili. Kila kundi la nyani lilipotokea, mke wangu alipiga debe, na Sudi akajifunza kuwapigia kelele na kuwarukia. Mpunga wetu ulisalimika. Jirani alipopita chini ya dungu alikuwa akisema, "Mzee, huyu mwanao wa mkia utamwingiza jandoni lini?" Nasi tulicheka.

Mke wangu alipokuwa akifariki aliniambia, "Bwana, Sudi hana mtu ila wewe." Nikaitikia. Leo Sudi ni dume zima lenye meno marefu.

Miezi michache iliyopita binti yangu, aliyeolewa Kibiti, alikuja na mwanawe mchanga ili anichukue nikaishi kwake. Binti akiwa ameketi barazani, Sudi alimtwaa mtoto akamkumbatia. Sidhani alikusudia ubaya. Binti yangu alipomvuta mwanawe, Sudi alimwuma mkono hata mfupa ukaonekana. Mtoto, namshukuru Mungu, hakudhurika.

"Baba, sikulaumu," aliniambia baada ya kufungwa jeraha. "Ila kwangu huji naye, na mimi hapa sirudi maadamu yupo."

"Ni amana ya mama yako, mwanangu."

"Mama angeuona mkono huu, baba, angekwambia hivyo hivyo?"

Nilimpeleka Sudi msituni, nikamwacha. Nyani wenzake walimtambua. Alirudi sikio limechanika, akaketi mlangoni akininyoshea mkono apewe uji.

Tangu hapo nimemfunga kiunoni kwenye nguzo ya baraza, nami nimefungwa pamoja naye. Nikienda mbali huivuta kamba mpaka damu imtoke. Nikimfungua huingia majumbani mwa watu. Wageni hawaji tena. Jirani alisimama uani akaniambia, "Mzee, mkuki ninao. Nangoja neno lako tu." Safari hii hakutaja jando.

Wasomaji wangu waheshimiwa, nawasihi mniongoze. Je, nilitamke neno hilo, nikamfuate binti yangu na mjukuu wangu? Ama nibaki hapa na kamba hii mpaka mmoja wetu atangulie? Naona haya kuwauliza. Lakini jirani alipokuja na mkuki wake, Sudi hakushtuka hata kidogo. Tulimlea akiamini kwamba mkuki ni wa nyani wengine.