Mto Uliobebwa na Malori

Siku yangu ya kwanza kazini, Kajiado, mwanzoni mwa miaka ya tisini, nilikabidhiwa nondo na nyundo. Nilikuwa nimeajiriwa kupima mito. "Hii mto inatembea chini kwa chini," fundi mkuu aliniambia. "Usipoipiga nondo, utaapa haiko." Nilicheka, maana kwetu Ukambani pia mito hulala chini ya mchanga.

Mto wetu ulianzia kilimani, chemchemi ndogo iliyorukaruka juu ya mawe. Ukifika uwandani mchanga uliumeza, nao ukaendelea na safari yake huko chini hadi karibu na Kitengela. Tulipigilia nondo mchangani, tukaichomoa na kutazama ilipoanza kulowa. Hapo ndipo maji yalipokuwa.

Mama Nasieku alikuwa na kisima katikati ya mto, kimezungushiwa miiba. Kwao Wamaasai kisima kina mwenyewe, lakini mwenye kiu hafukuzwi. Alinisalimu kwa Kimaasai, "Takwenya," nami nikaitika, "Iko." Kisha alinitekea maji kabla ya ng'ombe wake, nami nikamshukuru kwa jina.

Nikahamishiwa Namanga. Niliporudi, miaka ya elfu mbili, Kitengela ilikuwa inajengwa kwa pupa na malori yalipanga foleni mtoni kuzoa mchanga. Nondo yangu iligonga mwamba, ikatoka kavu. Mchanga ndio uliokuwa tangi la mto. Ukiuondoa, mvua hupita mara moja kama maji sakafuni. Nilimweleza hivyo mkubwa wetu mpya. Hakubisha. Hilo ndilo linaloniuma: alijua, tulisoma chuo kimoja.

"Mama Mwende, mto ni ile iko na maji," alisema. "Hiyo yako ni mchanga tu, na watu lazima wajenge."

Nilimwomba angalau asimamishe malori penye kisima cha Mama Nasieku. Alisema ataangalia. Aliangalia hivyo hivyo mpaka kisima kikawa shimo.

Sasa nimestaafu, naishi Noonkopir, hapo Kitengela, na nina uchungu, sifichi. Walinipa cheti na blanketi. Maji naletewa na lori.

Juzi Mama Nasieku alinitembelea, amezeeka, magoti yanamsumbua. Nilimpa maji, akanywa yote, akashusha kikombe.

"Hii maji ni ya kisima ya nani?" aliuliza. "Nimshukuru."

Sikuwa na jina la kumpa.