Neno Lililotaka Kula Minazi Yangu

Niliishia darasa la tatu, na sijamwomba mtu radhi. Miaka ile ya ruksa, biashara ilipoachiwa huru na wanunuzi wa viwanja wakaanza kumiminika Lindi, shemeji yangu aliuza shamba lake la Rasbura. Ardhi ilikuwa yake, lakini minazi niliipanda mimi. Kwetu si ajabu: mwenye ardhi ni huyu, mwenye mnazi ni yule.

Karani wa mnunuzi alileta mkataba wa Kiingereza, akanisogezea wino wa dole gumba kabla ya kuniuliza kama najua kuandika. Nikamwambia anisomee kwanza kwa Kiswahili. Alifika kwenye neno moja, akalimeza, akaendelea.

“Rudi pale. Neno gani hilo?”

“Usufruct, mzee. Hata Waingereza wenyewe hawalitumii.”

“Kama hawalitumii, limefuata nini kwenye minazi yangu?”

Shemeji akacheka. Karani akatoa kamusi mkobani, akasoma polepole: yuu-zu-frakt, haki ya kutumia mali ya mwenzio na kula matunda yake bila kuiharibu.

“Hapo kapewa nani?”

“Mnunuzi,” akajibu kwa sauti ndogo. “Kwa vyote vilivyoota shambani.”

“Kwenye minazi andika jina langu. Haki hiyo naijua tangu kwa babu, nilikuwa sijui jina lake la Kizungu tu.”

Akaandika, nami nikatia saini yangu kwa kalamu. Nyumba ya mnunuzi ipo pale hadi leo, na nazi naangua mimi. Wajukuu zangu wenye digrii nikiwauliza neno hilo wanakodoa macho. Nawatamkia.