Mwizi wa Filamu Anakwenda Kuposa

Siku niliyokwenda kuposa mtaa wa Katuba, mwanangu, wakwe walicheka mpaka machozi yakawatoka, na hakuna kati yetu aliyekuwa ametania.

Naikumbuka vizuri. Wakati huo niliigiza katika kundi letu la hapa Lubumbashi. Katika filamu zote nilikuwa mwizi. Naingia dirishani, naiba redio, nakamatwa, shujaa anaendelea na mambo yake. Lakini sokoni watu walinitambua mimi kabla ya shujaa, na akina mama walivuta vikapu vyao karibu.

Posa hujisemei mwenyewe. Wajomba zangu walikuwa mbali kaskazini, basi nikamwomba Papa Silvestre, mkubwa wa kundi, awe msemaji wangu. Sikufikiri kwamba kwenye filamu yeye ndiye mlevi wetu. Alivua kofia, akaanza kwa heshima:

"Ba papa, ba mama, tumeona maua moja mu lupango yenu..."

Watu wote mle lupango, yaani uani kwao, wakalipuka kwa kicheko.

"Papa mulevi, leo umekunywa wapi?" shangazi mmoja akauliza.

"Mufiche redio! Mwizi iko ndani!" mwingine akadakia.

Baba wa mchumba wangu tu, mzee aliyestaafu kazi ya reli, hakucheka.

"Mutoto yangu haiko teatre," alisema. "Murudie kwenu."

Niliinuka niape kwamba naacha kuigiza siku hiyohiyo. Papa Silvestre akanivuta koti.

"Ikala! Kama banakuogopa, ni juu ulitumika muzuri, kazi yako banaiona." Kisha akamgeukia mzee. "Papa, ule mwenye kufunga mabehewa pamoja, abiria banajua jina yake?"

"Hapana."

"Na asipofunga?"

"Treni inabakia," mzee akajibu.

"Uyu mutoto, njo kazi yake."

Mzee alinitazama kwa muda mrefu, kama mtu anayekagua tiketi. "Mukuje tena dimanshi," akasema. "Na mwizi akuje na viatu ya kupakala rangi."

Tulirudi Jumapili hiyo, viatu vinang'aa, na huyo binti ndiye mama yako mdogo aliyekupikia bukari na mboga wiki iliyopita.

Sasa umenipigia simu kutoka Kasungami kwamba kwenye filamu mpya umepewa nafasi ya mlinzi wa lango, maneno mawili tu, na unataka kukataa. Usikatae. Jiulize mlinzi huyo amelala wapi, viatu vinambana wapi, nani anamngoja nyumbani. Kisha fungua lango, mwachie shujaa njia, wala usimnyang'anye mwanga wake. Atakayekucheka mtaani amekuona, msalimie. Na usiape kuacha kazi ukiwa na aibu, maana aibu inapita kabla hujafika kituo cha basi.

Mungu akupe uso ambao watu wataukumbuka hata wakisahau jina lako, na wakwe wenye subira.

Kazi inaanza Jumatatu huko Kipushi. Mwongozaji wa filamu yenu amenipigia tena asubuhi hii; bado hajapata jibu lako.