Beki tatu kutoka Uingereza

Leo shemeji yangu Rama katuletea staa wa mpira, shangazi akamkabidhi sufuria chafu.

Ngoja niwaeleze.

Wiki nzima shemeji anatutambia kwamba rafiki yake wa kazini, Mwingereza, alicheza mpira wa kulipwa kwao. Basi tukapika pilau, tukajaa ukumbi wa chini wa jengo letu hapa Etobicoke, huku ughaibuni. Watu na jezi zao, wanasubiri saini.

Kaingia baba mmoja na kitambi chake. Kumbe alicheza daraja la nne, timu ambazo hata majirani zake hawazijui. Goli alilofunga ni moja, na alijifunga. Analisimulia kama fainali.

Shemeji, mkalimani wa kujipa, akasimama kifua mbele: "Ndugu zangu, huyu alikuwa beki tatu Uingereza."



Mnajua kwetu beki tatu ni nani. Ni dada wa kazi.

Shangazi Mwajuma, ambaye kwake mpira ni kelele za wanaume tu, akamwonea huruma kweli. "Maskini. Karibu mwanangu, vyombo viko huku." Akampa sufuria la pilau.

Mzungu akashukuru, akakaa, akala ukoko wote.

Shangazi akamgeukia shemeji. "Beki wako mvivu. Cheza wewe hiyo namba."

Sasa hivi shemeji yuko jikoni, povu mpaka kwenye viwiko. Miaka yote ya ndoa, dada yangu hajawahi kumwona akigusa hata kijiko.

Picha ninayo. Nimtumie dada yangu?